Mkia wa Faili

Watu wengi wakipewa flashi yenye filamu husoma neno la kwanza la jina, wakaridhika, wakaenda zao. Koo Kavu alikuwa hawavumilii watu wa namna hiyo. "Mnasoma kichwa, kiwiliwili mnakiacha," aliwaambia wateja dukani kwa shemeji yake, "halafu kesho mnarudi hapa kunilalamikia picha ina ukungu." Kisha huvuta kiti, akawageuzia kioo cha kompyuta, akaanza somo ambalo hakuna aliyeliomba.

Somo lenyewe lilikuwa hivi. Jina la faili la filamu lina mpangilio wake, na mpangilio huo haukuwekwa na serikali wala mwalimu yeyote. Ni watu wa mafaili wenyewe, wasiojuana hata kwa sura, waliokubaliana kimyakimya. Mwanzo ni jina la filamu, maneno yameungwa kwa nukta kwa kuwa mashine za zamani hazikupenda nafasi tupu. Unafuata mwaka, ili usichanganye filamu mbili zenye jina moja. Halafu namba ya ukubwa wa picha. Halafu chanzo: imetoka kwenye diski, au kwenye televisheni, au kuna mjanja aliyeingia ukumbini na kamera chini ya koti, na hapo jiandae kuona visogo vya watu wakienda msalani. Halafu lugha. Mwisho kabisa, baada ya kistari, jina la aliyeifanya kazi. Huo ndio mkia.

"Mkia ndio mwenye mali," alisema. "Hayo mengine yote ni maelezo."

Mkia wake yeye ulikuwa KOOKAVU. Faili lake la kwanza lililopendwa liliitwa Mlinzi.wa.Daraja.2009.480p.DVD.Kiswahili-KOOKAVU, na aliwahi kuliandika jina hilo kwa chaki ukutani, nukta zote na kistari, mke wake akalifuta siku ya usafi akidhani ni namba ya fundi bomba.

Kazi yake ilikuwa kusimulia filamu. Alichukua filamu ya kigeni, akakaa mbele ya kipaza sauti, akasema maneno ya kila mtu kwa Kiswahili: ya askari, ya bibi harusi, ya mzee anayekata roho, na kama mbwa alibweka vibaya alimrekebisha na mbwa. Watu waliosikiliza hawakuamini ni koo moja. Jina hilo la utani alilipata kwa sababu hakunywa maji akiwa kazini, maana kipaza sauti husikia mtu akimeza. Muda wa saa nne bila tone, na ndani ya stoo iliyozibwa kwa magodoro manne, juu bati, jua la saa saba. Akitoka humo anaonekana ametolewa kisimani. Jirani upande wa kushoto alikuwa mchomeleaji, kwa hiyo Koo Kavu alirekodi mchomeleaji anapokwenda kula na kujilaza mpaka jioni, na mvua ikianza kugonga bati aliweka vifaa chini akangoja.

Alikuwa na kiburi kimoja, nacho kishikeni, kwa sababu ndicho kilichommaliza. Wasimuliaji wengine walikuwa na tabia ya kujitaja katikati ya filamu. Mama anamzika mwanawe, mvua inanyesha, watazamaji wameshika vitambaa, mara msimuliaji anadakia: ni mimi hapa, bingwa wa mabingwa, nipigieni simu. Koo Kavu aliona ule ni ushenzi mtupu. "Filamu si ukuta wa kubandika matangazo," alisema. Katika filamu mia nne na kumi na mbili alizosimulia, jina lake halikutamkwa hata mara moja. Liliishi kwenye mkia tu, kimya, kwa adabu, likingoja mtu anayejua kusoma.

Mke wake, Mama Chiriku, aliwahi kumwambia wakati anakunja nguo, "Baba Chiriku, si ujitaje walau mwishoni? Weka jina lako mahali ambapo mtu hawezi kulifuta."

"Wewe unajua nini habari za mafaili?"

Mama Chiriku akaendelea kukunja nguo. Alijua vya kutosha, ila hakuulizwa tena.

Sasa huyo shemeji. Alikuwa kaka mkubwa wa Mama Chiriku, mtu wa kicheko kikubwa na mkono mwepesi wa kumpiga mwenzake begani, mwenye duka la kunakili filamu lililoandikwa RADI kwa rangi nyekundu juu ya mlango. Koo Kavu alirekodi, shemeji alisambaza. Alipofungua duka hakujua kusoma jina la faili hata nusu. Aliona nukta na namba akadhani kompyuta imeugua. Koo Kavu ndiye aliyemfundisha, alasiri baada ya alasiri, na alipofika kwenye mkia alimkazia macho: "Hapa hapaguswi. Anayekata mkia wa mwenzake, watu wa kazi hii hawampi hata salamu." Shemeji aliitikia kwa kichwa, kama mwanafunzi mwema. Kwa kweli hakuna somo alilolishika vizuri zaidi ya hilo.

Ilianza kwa sababu ya maana kabisa. Televisheni za wateja, zile za bei nafuu, zilionyesha herufi ishirini na kitu tu za jina la faili, zilizobaki zikakatwa. Siku moja shemeji alimwita dukani akamwonyesha.

"Tazama mwenyewe, shemeji. Mkia wako hauonekani. Tunabeba mzigo ambao hakuna anayeuona."

"Tufupishe jina la filamu."

"Tukifupisha watu hawatalijua. Mimi naona hivi: neno RADI tuliweke mbele kabisa, wajue pa kurudi. Mkia tuuondoe, jina lipumue. Kwani wewe na mimi si kitu kimoja? Nani asiyejua hii sauti ni yako? Msimuliaji hodari kuliko wote nchini, leo uogope herufi saba?"

Kilemba cha ukoka, na Koo Kavu alikivaa kikamkaa sawasawa. Akakubali, na si kukubali tu, akakaa yeye mwenyewe kwenye kompyuta ya duka akabadilisha.

Lakini nyumbani, kwenye diski yake kubwa, mafaili yalibaki na mkia wa zamani. Filamu ileile, dukani inaitwa hivi, nyumbani inaitwa vile. Mtu mwingine asingejali. Koo Kavu hakulala vizuri miezi miwili. Alikuwa mtu wa kunyoosha viatu vya wageni mlangoni. Faili moja lenye majina mawili lilimwasha mwili mzima. Jumamosi moja, baada ya chakula cha mchana, alifungua ile programu ndogo inayobadilisha majina ya mafaili kwa mkupuo. Juu akaandika neno la kuondolewa, chini neno la kuwekwa mbele, akabonyeza. Mafaili mia moja na themanini, sekunde tisa. Sauti tupu, zile alizorekodi kabla ya kuzichanganya na filamu, alikuwa na desturi ya kuzifuta kila kazi inapokwisha, ili kupata nafasi. Kwa hiyo saa nane ile ya Jumamosi, bila kusukumwa na mtu, alijifuta duniani, akaenda kuoga akipiga mluzi.

Miaka saba ikapita. Sauti ikasambaa kila penye televisheni na waya wa umeme: kwa vinyozi, hospitalini kwenye foleni, kwenye mabasi ya safari ndefu. Watu wakaiita Radi. "Leo kuna mpya ya Radi?" Mwanzoni shemeji alicheka, akasema Radi ni duka. Baadaye alicheka tu. Baadaye akawa anaitika. Mtu akimwomba dukani aigize yule jambazi wa filamu fulani, anashika koo, anakohoa, anasema leo sauti imekauka.

Koo Kavu aliyaona yote na alijitia hamnazo. Angemwambia nini kaka wa mke wake? Kikao cha familia kwa ajili ya kistari na herufi saba? Alimeza, siku baada ya siku, yeye aliyekuwa hamezi kitu akiwa kazini.

Aliyemtoa kwenye usingizi huo ni binti yake. Chiriku alikuwa na miaka kumi na mmoja, na jina hilo lilimfaa, mdomo haufungi. Siku moja alirudi shule kola imechanika na mdomo umefungwa, jambo ambalo mama yake aliliona haraka kuliko hiyo kola.

"Nimewaambia ile sauti ya kwenye filamu ni ya baba," alisema baada ya kubembelezwa. "Wakasema ni Radi. Nikasema Radi ni mjomba wangu, lakini anayesema ni baba. Wakasema baba yangu anamwiga mjomba." Akamgeukia baba yake. "Baba, kwani unamwiga?"

Hakuna tusi alilowahi kutukanwa Koo Kavu likafika pale. Akamshika binti yake mabega. "Utaona," akasema. "Utaisikia wewe na hao wenzako."

Ahadi hiyo haikuwa ya hewani. Kituo kimoja cha televisheni kilikuwa kimetangaza kinatafuta msimuliaji wa filamu za Ijumaa alasiri, mtu wa kuajiriwa, jina lake kuonyeshwa kwenye kioo mwanzo na mwisho. Jumatano Koo Kavu alivaa shati la mikono mirefu, akatia diski yake kwenye mfuko wa plastiki, mfuko ndani ya bahasha, akaenda.

Alipokelewa na mkuu wa vipindi, mama wa makamo mwenye hedifoni shingoni, asiye na makuu. Alichomeka diski, akasogeza miwani, na Koo Kavu akaona kitu kilichomfurahisha: yule mama aliyasoma majina ya mafaili kuanzia mkiani. Amepata mtu wa kazi! Furaha hiyo ilidumu mpaka mama alipoinua uso.

"Hizi ni za Radi."

"Radi ni duka, mama. Msimuliaji ni mimi."

Mama akafungua moja, akaisikiliza kidogo, akaisimamisha. Koo Kavu akaendelea palepale filamu ilipokatika, kwa sauti ya yule askari, halafu ya mke wa askari. Fundi mitambo aliyekuwa chumba cha pili alichungulia. Mama akapiga makofi kwa dhati.

"Baba, unamwiga mpaka pumzi!"

"Simwigi. Ndiye mimi."

Mama akavua miwani, na aliposema alisema kwa upole, ambao ulikuwa mbaya kuliko kufukuzwa. "Mwenzako alikuja Jumatatu. Alileta mafaili haya haya, majina haya haya. Na alitutahadharisha, alisema ana shemeji yake anayemsaidia, amejifunza sauti yake, huenda akaja. Nami sikutaka kuamini, ndiyo maana nimekusikiliza. Sasa nisaidie nikusaidie. Nipe faili moja tu lenye jina lako. Au filamu moja ambayo unajitaja. Wote huwa wanajitaja."

"Mimi sijitaji."

"Basi faili. Hata la zamani."

Koo Kavu alitazama orodha kwenye kioo. Mia nne na kumi na mbili, zimepangwa vizuri, RADI mbele ya kila moja, zimenyooka. Hakuna hata moja iliyosahaulika. Alikuwa amefanya kazi safi.

"Nani aliyabadilisha majina?" mama akauliza.

"Mimi."

Mama akavaa miwani yake tena. Alimrudishia diski ndani ya mfuko wake, mfuko ndani ya bahasha.

"Na yeye mlimsikia akisema?" Koo Kavu aliuliza akiwa mlangoni.

"Alikuwa na mafua. Tumekubaliana atakuwa anarekodia kwake, anatuletea kazi ikiwa tayari."

Kazi ilikuja tayari, tena upesi. Ijumaa asubuhi shemeji aliingia bila kubisha hodi, kicheko kikimtangulia. "Shemeji, tumepata televisheni!" Alisema tumepata. Akampiga begani, akaweka mezani filamu ya kwanza ya kurushwa Ijumaa inayofuata, hadithi ya mama anayemngoja mwanawe aliyepotea vitani. Mama Chiriku alisimama jikoni akimtazama kaka yake, halafu mumewe, halafu kaka yake, mboga ikaungua, na mwiko nao. Koo Kavu aliichukua ile filamu akasema sawa.

Shemeji alidhani amekubali kufa kikondoo. La hasha. Jumatatu, mchomeleaji alipokwenda kula, Koo Kavu aliingia stoo. Kwenye ile filamu kuna mahali mama anasimama getini, hasemi, anatazama barabara, sekunde arobaini nzima bila neno. Hapo, baada ya filamu mia nne na kumi na mbili za adabu, alivunja mwiko wake. Kwa sauti yake ya kawaida, ile ya nyumbani, alisema: "Sauti mnayoisikia ni ya Koo Kavu, baba yake Chiriku." Alipotoka alikuwa analia, na akamwita binti yake akamsikilizisha.

Chiriku aliruka mpaka akagonga meza. Kufikia Jumanne darasa zima lilijua. Kufikia Jumatano alikuwa amewaalika wasichana saba, pamoja na yule aliyemchania kola, waje nyumbani Ijumaa saa kumi kutazama. "Kwenye geti," aliwaambia. "Subirini kwenye geti."

Alhamisi mchana shemeji alirudi, safari hii kicheko amekiacha nyumbani. Kituo kilikuwa kimemrudishia faili. Kuna mtu anakatiza katikati, walisema, amwondoe, la sivyo hawarushi.

"Nimeshaikata mwenyewe," alisema, akaweka kompyuta mezani. "Sikutaka kukusumbua. Sikiliza tu kama iko sawa."

Haikuwa sawa. Alikuwa ameikata ile sentensi kwa shoka. Pamoja nayo ilikwenda kwikwi ya yule mama getini, na kwa kuwa alikata sauti bila kukata picha, kila neno baada ya hapo lilitangulia sekunde nne. Watu walifumba midomo huku wanaongea. Mtoto alijibu kabla ya kuulizwa. Mama alipomkumbatia mwanawe, kilio kilikuwa kimekwisha zamani.

Koo Kavu angeweza kunyamaza. Angesema iko sawa, shemeji, ipeleke. Nchi nzima ingecheka, na kituo kingeuliza ni Radi gani huyu. Alilijua hilo. Alilijua waziwazi, amekaa pale, mikono magotini, na aliwakumbuka wale wasichana saba pia. Lakini midomo ilikuwa inaendelea kwenda kombo mbele ya macho yake, dakika baada ya dakika, na lilikuwa koo lake linaloharibiwa vile, kazi yake ya saa nne bila maji.

"Sogea," akamwambia shemeji.

Aliitoa rekodi yake ya asili, ile ambayo haijakatwa, akaanza upya. Alitafuta mahali pumzi inapoisha na mahali inapoanza. Aliinyanyua sentensi yake, herufi kwa herufi, jina lake na la mwanawe, akaitupa. Akairudisha kwikwi ya mama, akajaza nafasi kwa upepo wa getini na ndege mmoja aliyemwazima sehemu nyingine ya filamu. Alipomaliza, hata yeye asingeweza kuonyesha mahali palipokatwa. Akajiambia jioni atamweleza Chiriku. Jioni hakumweleza.

Na kwa kuwa faili lililorekebishwa sharti liongezewe neno, ili lisichanganywe na lile la kwanza, aliandika jina lote upya kwa mpangilio wake: RADI mbele, halafu jina la filamu, mwaka, ukubwa, chanzo, lugha, na mwishoni, baada ya kistari, SAFI. Shemeji alimpiga begani. "Wewe ni fundi, shemeji," alisema, na hilo alilisema kweli.

Ijumaa saa kumi wasichana saba walikaa mkekani mbele ya televisheni, Chiriku katikati yao. Mama Chiriku aliwapa maji, akarudi kusimama nyuma. Koo Kavu alikaa kwenye kizingiti cha mlango wa uani. Jina RADI likatokea kubwa kwenye kioo, wasichana wakamtazama Chiriku, Chiriku akasema, "Ngojeni geti."

Geti likafika. Mama akasimama, akatazama barabara. Upepo ukavuma, ndege akalia. Chiriku alikuwa ameinua kidole kuwanyamazisha wenzake, na kidole kilibaki juu sekunde arobaini zote. Kisha yule mama akalia kwikwi, mahali pake hasa, na filamu ikaendelea.

Yule wa kola alianza kucheka, akaona uso wa Chiriku, akaacha.

Chiriku hakugeuka kumtazama baba yake. Alichukua rimoti akapunguza sauti, kidogo, kisha kidogo tena, mpaka ikabaki midomo inayotembea. Wakaitazama hivyohivyo mpaka mwisho.